Karatasi ya Mistari Minne

Afisa wa utawala wa eneo letu alifika kiwanjani Jumanne asubuhi, katikati ya Mei, akiwa na vijana wawili waliovaa sare, akamkabidhi mama yangu karatasi yenye mistari minne. Mvua ya masika ilikuwa imetupa nafasi ya saa chache, na mafundi walikuwa juu ya jukwaa wakimalizia kozi ya mwisho ya mawe kabla ya kumwaga linta, ule mkanda wa zege unaopita juu ya milango na madirisha. Karatasi ilisema kwamba mwenye ploti anaagizwa kusimamisha ujenzi mara moja mpaka atakapopewa maelekezo mengine, na chini yake palikuwa na muhuri na sahihi isiyosomeka. Haikutaja sheria yoyote, haikueleza kosa, wala haikusema hayo maelekezo mengine yangetoka kwa nani na lini. Mama, ambaye ana miaka 71 na hajawahi kutupa risiti maishani mwake, aliisoma mara mbili, kisha akamuuliza yule afisa kwa adabu kosa letu ni lipi. Alijibiwa kwamba ataitwa ofisini. Mafundi wakateremka.

Ploti yenyewe iko Mtopanga, upande wa Kisauni, hapa Mombasa, na marehemu baba aliinunua kidogo kidogo kwa mshahara wa karani wa bandarini. Nyumba tunayojenga ni ya vyumba vitatu, ya mama kuzeekea, na kabla ya kuchimba msingi tulipeleka ramani zilizotiwa sahihi na msanifu majengo na mhandisi, tukalipa ada, tukapewa kibali cha ujenzi kutoka idara ya mipango ya ardhi. Nataja haya mapema kwa sababu msomaji ana haki ya kujua kwamba hatukuwa tumejenga kwa kuvizia. Sitaitaja ofisi ya afisa aliyetusimamisha wala jina lake. Ninachotaka kukieleza ni jinsi tulivyolipinga agizo lake, na hasa kosa nililolifanya mimi katika siku nne za mwanzo, ambalo nimeona watu wengi wa hapa kwetu wakilifanya.

Kesho yake nilimwomba mwalimu mwenzangu anishikie vipindi viwili, nikaenda ofisini kwa yule afisa nikiwa na nakala ya hatimiliki mkononi. Nilikuwa nimekesha nikipanga maneno. Nilimweleza baba aliinunua ardhi ile kwa nani, nikamwonyesha namba ya ploti, nikamwonyesha mawe ya mipaka katika ramani ya upimaji, nikamwambia kwamba hakuna mtu yeyote mwenye dai juu ya ardhi hiyo. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, bila hata kupandisha sauti, "Mwalimu, mimi sijasema ardhi si yenu."

Jibu hilo liliniudhi, na njiani kurudi nyumbani niliendelea kulijibu moyoni. Ilinichukua siku tatu zaidi kukubali kwamba katika hilo alikuwa na haki. Nilikuwa nimemjibu swali ambalo hakuuliza. Mimi nilizungumza juu ya milki, naye alikuwa ametumia mamlaka, na hati haisemi lolote juu ya mamlaka ya afisa.

Najua kwa nini nilikimbilia hati. Mtu wa Pwani akiguswa kwenye ardhi, mkono wake unakwenda kwenye karatasi ya umiliki, kama anayo, kwa sababu wazee wake walipoteza ardhi kwa kukosa karatasi. Sheria ya hati za ardhi ya mwaka 1908 iliwataka watu wa ukanda wa pwani wa maili kumi wajitokeze kudai mashamba yao mbele ya serikali ya kikoloni, na ardhi ambayo haikudaiwa ilihesabiwa kuwa ya Ufalme wa Uingereza. Waliokuwa na habari, fedha na wakili walipata vyeti. Wengine wengi waliamka siku moja wakakuta wanaishi kwenye ardhi ya mtu mwingine. Ndiko ilikoota ile hali yetu ya nyumba bila ardhi, ambapo mtu anajenga nyumba yake kwa mawe na jasho lake, akamlipa mwenye ardhi kodi ya kiwanja mwezi kwa mwezi, na hana uhakika wa kesho. Majengo, Kisauni na Likoni zimejaa nyumba za namna hiyo hadi leo. Mtoto aliyekulia katika mazungumzo hayo anafunzwa kwamba ukiwa na hati umemaliza, na mimi nilifunzwa hivyo.

Lakini hati haimalizi kila kitu, na Mombasa ni mji ambao ulipaswa kulijua hilo kuliko mwingine wowote Kenya. Tarehe 21 Aprili 2023, Mahakama ya Juu ilitoa hukumu katika kesi kati ya kampuni ya Dina Management Limited na Serikali ya Kaunti ya Mombasa, kuhusu ploti ya ufuoni Nyali ambayo kaunti ilivunja ukuta wake ili kufungua njia ya kwenda baharini. Kampuni ilikuwa na hati na ikasema ilinunua kwa nia njema. Mahakama ilirudi nyuma hadi ugawaji wa kwanza wa mwaka 1989, ikakuta kwamba ardhi ilikuwa eneo la wazi na kwamba utaratibu wa kisheria wa kuigawa haukufuatwa, ikaamua kwamba hati iliyotokana na mwanzo huo haiwezi kulindwa. Kifungu cha 40 cha Katiba, kinacholinda mali ya mtu, chenyewe kinasema kwamba ulinzi huo haufiki kwenye mali iliyopatikana kinyume cha sheria. Hata ardhi iliyopatikana kihalali kabisa haimpi mwenyewe ruhusa ya kujenga apendavyo, kwa kuwa kifungu cha 66 kinaipa Serikali uwezo wa kusimamia matumizi ya ardhi yoyote kwa ajili ya usalama, afya na mipango ya makazi. Ninaona hilo ni sawa. Nisingependa jirani yangu ajenge ghorofa sita kwenye msingi wa nyumba ya chini eti kwa sababu ardhi ni yake.

Kwa hiyo swali letu halikuwa kama nyumba ya mama inaweza kusimamishwa. Inaweza. Swali lilikuwa ni nani anayeweza kuisimamisha, kwa sheria ipi, kwa sababu gani, na kwa njia gani.

Aliyeniweka kwenye njia hiyo ni wakili mmoja, binti wa majirani zetu wa zamani wa Tudor, ambaye mama humwita mwanangu na yeye humwita mama shangazi. Aliitazama karatasi kwa muda mfupi sana, kisha akaniuliza swali moja: je, kibali chenu cha ujenzi kimefutwa? Hakikuwa kimefutwa. Hapo akanifungulia Sheria ya Mipango ya Matumizi ya Ardhi ya mwaka 2019, ambayo ndiyo iliyochukua nafasi ya ile ya 1996, na kunionyesha kifungu cha 72. Kinampa waziri wa kaunti anayehusika na mipango ya ardhi uwezo wa kumpelekea mwenye ardhi, mkaazi au mjenzi ilani ya utekelezaji, iwapo ujenzi umeanza bila idhini au masharti ya idhini yamevunjwa. Ilani hiyo ni lazima itaje ujenzi unaolalamikiwa, masharti yaliyovunjwa kama yapo, hatua ambazo mjenzi anatakiwa kuchukua, tarehe ambayo ilani inaanza kufanya kazi na muda aliopewa kurekebisha. Anayepelekewa ilani na kutoridhika ana siku 14 za kukata rufaa mbele ya kamati ya kaunti inayosikiliza migogoro ya mipango ya ardhi, nayo kamati ina siku 30 za kusikiliza na kuamua. Asiporidhika tena, mlango unaofuata ni Mahakama ya Mazingira na Ardhi.

Niliiweka karatasi yetu kando ya kifungu hicho, na hapakuwa na mstari hata mmoja unaolingana nacho. Haikutoka kwa mwenye uwezo huo wala kwa mtu aliyetajwa kutumwa naye. Haikusema kama tumejenga bila idhini au tumevunja sharti. Haikutupa la kurekebisha, wala muda.

Huku nyuma fundi mkuu, mzee wa Rabai ambaye amejenga nusu ya nyumba za mtaa wetu na ambaye namheshimu sana, alikuwa na njia yake. Alinivuta kando akaniambia, "Mwalimu, mwenye nguvu mpishe. Hapa ni kuongea tu." Kila mtu Mombasa anajua kuongea huko ni kuongea kwa namna gani. Aliyasema kwa huruma, kwa sababu alikuwa na vibarua saba waliokuwa wakitazama mikono yao, na kwa sababu ameona nyumba nyingi zikifunguliwa kwa njia hiyo kabla ya magharibi ya siku hiyohiyo. Siwezi kusema kwamba sikushawishika. Mifuko 40 ya simiti ilikuwa imeanza kushika unyevu chini ya turubai, nondo zilikuwa zinaota kutu kwa hewa ya chumvi, na kuta zisizo na linta zilikuwa zinanyeshewa kila usiku.

Mama alikataa kabla sijamaliza kumweleza. Sababu yake haikuwa Sheria ya Hongo ya mwaka 2016, ingawa sheria hiyo inamtia hatiani mtoaji sawa na mpokeaji. Alisema, "Mali bila daftari hupotea bila habari," halafu akaniuliza, ukishampa, atakupa karatasi gani? Nimeufikiria ulizo huo mara nyingi tangu siku hiyo. Fedha ya namna hiyo hainunui idhini, inanunua ukimya wa mtu mmoja kwa muda ambao yeye mwenyewe ndiye atakayeuamua. Akihamishwa, anayekuja hajui lolote juu ya makubaliano yenu. Akirudi wakati wa kuezeka, huna pa kumshtaki, kwa kuwa umeshakuwa mshirika wake. Na agizo lile la mistari minne linabaki hai ndani ya faili, halijafutwa na mtu.

Tuliamua kusimama kweli. Wakili alisisitiza hilo kuliko jambo lingine lolote: tusijenge hata jiwe moja usiku, hata kama tunaamini agizo ni batili, kwa sababu mtu anayekaidi agizo anajitengenezea kosa la pili ambalo litafunika udhaifu wa agizo lenyewe. Tulifunika kuta, tukapiga picha za kila upande zenye tarehe, tukawalipa vibarua siku tatu na kuwaomba radhi. Nililipia hizo siku tatu kwa karo ya muhula wa pili ya mwanangu, nikaja kuiziba baadaye.

Kisha tukaandika barua mbili. Ya kwanza ilikwenda kwa afisa mwenyewe, nakala kwa mkubwa wake na kwa idara iliyotupa kibali. Haikuwa na lawama hata moja, na ilikuwa na maswali matatu tu: umetumia kifungu gani cha sheria gani, sababu ya agizo lako ni ipi, na tunatakiwa kufanya nini ili liondolewe. Msingi wa barua hiyo ni kifungu cha 47 cha Katiba, kinachompa kila mtu haki ya kutendewa na watawala kwa njia ya haraka, halali, yenye busara na inayofuata utaratibu wa haki, na kupewa sababu kwa maandishi pale uamuzi unapogusa haki yake. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya mwaka 2015 imelifafanua hilo: mtawala akiombwa sababu anapaswa kuzitoa kwa maandishi ndani ya miezi 3, na asipozitoa, uamuzi wake unachukuliwa kuwa ulifanywa bila sababu njema mpaka yeye athibitishe vinginevyo. Karani wa mapokezi hakutaka kugonga muhuri kwenye nakala yangu. Alisema barua itapelekwa ndani na hiyo inatosha. Nilisimama pale dirishani, nikamwambia kwa upole kwamba nitangoja, na nikangoja saa moja na nusu mpaka muhuri ukagongwa, na tarehe, na sahihi. Kama kuna saa moja na nusu iliyookoa nyumba ile, ni hiyo.

Barua ya pili ilikuwa rufaa kwa kamati ya kaunti. Mwanzoni sikuelewa kwa nini tukate rufaa dhidi ya ilani ambayo sisi wenyewe tunasema si ilani. Wakili alinieleza kwamba hatari iko kwenye kalenda. Tukingoja majibu ya barua ya kwanza siku 14 zitapita, na mtu anaweza baadaye kusema kwamba karatasi ile ilikuwa ilani halali na kwamba sisi tumechelewa. Nilitaka pia kujua kwa nini tusiende mahakamani moja kwa moja, nikiwa na hasira ya kutaka jaji. Alinitajia uamuzi wa Mahakama ya Rufaa wa mwaka 1992 katika kesi ya Spika wa Bunge na Karume, ambao mawakili wa Kenya hawachoki kuutaja: pale Katiba au sheria imeweka njia maalumu ya kutatua jambo, njia hiyo ndiyo ifuatwe. Anayeiruka kamati akakimbilia kwa jaji hurudishwa alikotoka, akiwa ameshapoteza siku zake 14 na ada ya kesi. Rufaa yetu iliwasilishwa siku ya 11.

Wakati tunangoja, ndipo nilipopata kujua chanzo cha yote. Jirani yetu wa upande wa nyuma, mzee mwenye kisima kinachotegemewa na nyumba kama kumi, alikuwa amelalamika. Hakulalamikia nyumba. Alilalamikia shimo la maji taka ambalo tulikuwa tumeanza kulichimba pembeni mwa ukuta wake, karibu mno na kisima, kwa sababu upande ule ardhi ilikuwa laini na fundi alitaka kuokoa siku mbili za kupasua mwamba. Nilipokwenda kumwona alinipokea barazani, akanikaribisha kahawa, akanieleza kwamba alikwenda kwa yule afisa kwa kuwa ndiye mtu wa serikali anayemjua.

Nilirudi nyumbani nimenyamaza. Mzee yule alikuwa anasema kweli. Mombasa imekaa juu ya mwamba wa matumbawe, ambao umejaa matundu na nyufa, na maji machafu yanayoingia humo hayachujwi kama yanavyochujwa na udongo mzito. Yanasafiri haraka hadi kwenye maji ya chini. Na sisi hatuwezi kuishi bila visima. Maji ya bomba ya mji huu yanatoka mbali, Mzima huko Tsavo, Baricho kando ya mto Sabaki, Marere katika milima ya Shimba, na visima vya Tiwi, na kwa nyumba nyingi za Kisauni hayafiki siku saba za wiki. Kisima cha mzee ndicho maji ya kuoga na kufulia ya nyumba kumi, na mara nyingine ya kupikia. Nilipofungua tena ramani zetu zilizoidhinishwa, niliona kwamba shimo lilichorwa upande wa mbele, karibu na njia. Sisi ndio tuliolihamisha. Ilikuwa ni kuvunja sharti la kibali, na lingeweza kuwa sababu halali kabisa ya ilani halali kabisa, kama kuna mtu angeiandika.

Hapa ndipo ninapomlaumu afisa yule zaidi kuliko nilivyomlaumu siku ile ya kwanza. Alikuwa na jambo la kweli mkononi. Angetuandikia mstari wa tano unaosema kwamba shimo la maji taka limechimbwa mahali pasipoidhinishwa, au angeyapeleka malalamiko ya mzee kwa idara yenye uwezo huo, shimo lingefukiwa siku hiyohiyo na linta ingemwagwa siku ya tatu. Kwa kutoandika sababu, alimficha mzee na kisima chake nyuma ya muhuri, akatufanya sisi tuamini kwamba tunaonewa, na kuwafanya mafundi waamini kwamba anataka kitu. Sijui kama alitaka. Agizo lisilo na sababu humwachia kila mtu nafasi ya kuijaza sababu yake.

Tulifukia lile shimo kabla ya kujibiwa na yeyote, tukamwita mzee aje aone. Nikamwandikia afisa barua fupi kumjulisha, na nakala kwa idara ya mipango, nayo ikagongwa muhuri. Siku ya 29 tangu agizo, idara ilitujibu kwa maandishi kwamba haijatoa ilani yoyote ya utekelezaji juu ya ploti ile, kwamba kibali chetu bado kinafanya kazi, na kwamba tuzingatie ramani iliyoidhinishwa, hususan mahali pa shimo la maji taka. Wakili aliiondoa rufaa. Mifuko 13 ya simiti ilikuwa imeganda na kuwa mawe.

Ninajua kwamba njia hii tuliweza kuipita kwa sababu tulikuwa na kibali cha kuegemea. Mwenye nyumba bila ardhi hapo mtaa wa pili akipelekewa karatasi kama ile, swali la kwanza atakaloulizwa kwenye rufaa ni idhini yake iko wapi, na idhini hana, kwa sababu maombi ya idhini yanadai karatasi za umiliki ambazo ziko kwa mtu mwingine, pengine mtu asiyeishi Kenya. Hata hivyo, kifungu cha 47 hakisemi mwenye hati, kinasema kila mtu, na yeye pia anaweza kuomba sababu kwa maandishi. Nimeshamwandikia jirani mmoja wa namna hiyo barua kama ile yetu ya kwanza. Maswali ni yaleyale matatu, na sasa anangoja.

Shimo jipya lilichukua siku nne kupasuliwa kwenye mwamba, upande wa njia. Mzee wa kisima alikuja na futi yake ya chuma, akapima kutoka ukingo wa kisima mpaka ukingo wa shimo mbele ya fundi mkuu, akapima tena, akaenda zake. Linta ilimwagwa Jumamosi iliyofuata. Barua yangu ya kumwomba afisa sababu haijajibiwa. Miezi 3 ilikwisha mwezi wa Agosti, na mama ameitia nakala yenye muhuri ndani ya faili, nyuma ya hati.